Semina ya "chembe za maana": tumeuziwa uongo kwa jina la fizikia

Ndugu wanajamvi,

Ninafundisha fizikia katika shule ya sekondari, na ninafungua uzi huu nikiwa na hasira ambayo sioni sababu ya kuificha. Hivi karibuni walimu na wazazi wa shule yetu tulichangishwa fedha ili tuhudhurie semina iliyotangazwa kuwa ya "sayansi mpya ya maneno". Mkufunzi alitufundisha kwamba maana ya kila neno imeundwa na chembe ndogo sana za nishati, kwamba neno zuri hutoa chembe chanya na neno baya hutoa chembe hasi, na kwamba chembe hizo huingia katika maji, chakula na damu ya binadamu na kuvibadilisha. Yote hayo, alisema, yamekwisha kuthibitishwa na fizikia ya kwanta. Nilinyoosha mkono nikauliza chembe moja ina jouli ngapi, yaani kiasi gani cha nishati kwa kipimo cha kawaida cha fizikia. Nilijibiwa kwamba swali langu lenyewe limebeba chembe hasi, na ukumbi mzima ukacheka.

Swali lile halikuwa la ukorofi. Mwanafizikia Mjerumani Max Planck alipopendekeza mwaka 1900 kwamba nishati hutolewa kwa mafungu madogo madogo, ndiyo hizo kwanta, alitoa pamoja na wazo hilo namba ya kuyakokotoa mafungu hayo, na Einstein akalipeleka wazo hilo kwenye mwanga mwaka 1905. Leo mwanafunzi wa kidato cha sita huchukua masafa ya mwanga wa kijani (idadi ya mitetemo yake kwa sekunde), akayazidisha kwa namba ya Planck, akapata kwamba fotoni moja, yaani fungu moja la mwanga huo, ina takriban jouli 3.6 × 10⁻¹⁹. Mtu yeyote mwenye vifaa, awe Dodoma au Tokyo, atapata jibu hilohilo hata kama haamini neno lolote la mwalimu wake. Kitu ambacho hakina jouli, hakina chombo cha kukipima, na humkimbia kila anayeuliza, hakistahili kuitwa nishati.

Kinachoniuma zaidi ni kwamba fizikia imekwisha kuligusa jambo hili, na jibu lake ni kinyume kabisa na tulichouziwa. Mwanahisabati Mmarekani Claude Shannon, alipoweka misingi ya nadharia ya habari mwaka 1948, alisema waziwazi kwamba maana ya ujumbe haihusiki na kazi ya kuusafirisha. Mwaka 1961 mwanafizikia Rolf Landauer akaonyesha kwamba kufuta biti moja ya habari, yaani jibu moja la ndiyo au hapana, lazima kutoe joto, ambalo kwa halijoto ya kawaida ya chumba halipungui jouli 2.9 × 10⁻²¹ hivi. Joto hilo ni lilelile iwe biti inayofutwa ilikuwa sehemu ya sala, ya tusi au ya orodha ya bei za sokoni. Maana inakaa kwa watu wanaoelewana, na ndiyo maana barua iliyoandikwa kwa lugha usiyoijua haikuchomi wala haikuponyi.

Ushahidi tulioonyeshwa ulikuwa picha za Mjapani Masaru Emoto, aliyebandika maneno kwenye chupa za maji, akayagandisha na kupiga picha fuwele zake. Hatukuambiwa kwamba wapigapicha wake waliruhusiwa kuchagua fuwele za kupiga. Wala hatukuambiwa kwamba Mjapani mwingine, mwanafizikia Ukichiro Nakaya, alitengeneza fuwele za theluji maabara tangu mwaka 1936 na kuonyesha kwamba umbo lake hutegemea halijoto na unyevu wa hewa. Kisha zikaletwa chupa mbili za wali, moja imeandikwa "Nakupenda" na nyingine "Nakuchukia", hii ya pili ikiwa imeota ukungu mweusi. Nilisogea nikaitazama: kifuniko chake kilikuwa kimekaa upande, na matone ya maji yalikuwa yametanda ndani ya shingo ya chupa. Ile ya kwanza ilikuwa imefungwa barabara.

Ningeweza kuyavumilia hayo kama si mama mmoja aliyekuwa amekaa nyuma yangu. Mwanawe ana selimundu. Aliuliza kama abandike neno "Uzima" kwenye chupa ya maji ya mtoto, akaambiwa ndiyo, na kwamba dawa za hospitali zina "maana ya ugonjwa" ndani yake, hivyo azipunguze taratibu. Hakuna mwalimu mkuu wala mjumbe wa kamati aliyesimama kupinga. Nilimfuata nje nikamsihi asiache dozi hata moja kabla ya kuonana na daktari wake, lakini mimi nilikuwa sauti moja, na mkufunzi alikuwa na kipaza sauti na projekta.

Ninadai waandaaji warudishe michango yote, na zaidi ya hapo wawaite wazazi walewale, katika ukumbi uleule, wawaambie kwa kinywa chao kwamba ushauri kuhusu dawa ulikuwa wa uongo na wa hatari. Barua yangu kwa bodi ya shule imekwisha kupokelewa na kugongwa muhuri. Mzazi au mwalimu aliyekuwapo na yuko tayari kutia saini ya pili, aniandikie faragha.