Mashine ya espreso ya milioni 13 ya nyumbani: ni akili au ni sifa?

Mtu wa Asubuhi
Wakuu habari za leo. Naomba tulijadili hili kwa utulivu. Mimi na mwenzangu wote tunafanya kazi Masaki, na kila siku ya kazi lazima tupitie mgahawani, kapuchino moja elfu 7, wawili elfu 14, piga siku 22 za mwezi inakuja laki 3 na elfu 8. Kwa mwaka ni kama milioni 3 na laki 7 zinaishia kwenye vikombe vya karatasi. Sasa shemeji yangu yuko Uingereza anarudi na kontena lake, amesema anaweza kuniwekea La Marzocco Linea Mini, ile ya Florence yenye boila mbili, moja ya mvuke na moja ya kahawa. Ukiweka na mashine ya kusagia inafika kama milioni 15. Naona ndani ya miaka minne imejilipa yenyewe. Mwenzangu anasema nimerukwa na akili, hiyo ni hela ya ukuta wa kiwanja chetu Kigamboni. Mnanishaurije? Na msiniambie ninunue ile birika ya Kiitaliano ya kuweka kwenye jiko, ninayo.

Chumvi ya Kawaida
Mkuu umepiga hesabu kana kwamba kahawa ya nyumbani inaokotwa. Dabo moja, yaani espreso ya kikombe kimoja kikali, inakula gramu 18 za kahawa, kwa hiyo kilo haivuki vikombe 55, tuseme kilo nzuri iliyokaangwa ni elfu 40, tayari kikombe ni mia saba na kitu na hapo bado maziwa, bado LUKU, bado kahawa utakayomwaga wakati unajifunza. Na kontena likifika VAT asilimia 18 haipigwi kwenye bei peke yake, inapigwa kwenye bei pamoja na nauli pamoja na ushuru wa forodha. Miaka minne yako ni sita. Jenga ukuta.

Mtu wa Asubuhi
Ukuta tuuache, ule ni wa familia yangu, nimeuliza kuhusu mashine.

Chumvi ya Kawaida
Uliuleta mwenyewe hapa mbele za watu.

Fundi Boila
Mimi hizi mashine nazitengeneza mahotelini miaka mingi, naomba mnisikilize kabla hamjaanza kugombana. Hiyo Linea Mini ni chuma kweli, siyo bati, ukiibeba utajua. Lakini cha kwanza ni kisagio. Espreso inataka maji ya nyuzi 90 na kitu yapite kwenye unga kwa presha ya bar 9, sekunde 25 mpaka 30, umetia gramu 18 unatoka na 36 hivi kikombeni. Kinachozuia hayo maji yasipite mbio ni unga wenyewe, ukisagwa hovyo hata mashine iwe ya milioni 50 utakunywa uchungu na uchachu kwenye kikombe kimoja. Kwa hiyo watu wanaoweka hela yote kwenye mashine halafu wanasagia kwenye blenda wanaumia bure. Cha pili ni maji. Visima vingi vya Dar vina chumvi, na ile chumvi inakula boila ya stenlesi polepole mpaka inatoboka, na hapo hakuna dawa ya kuondoa gamba itakayokurudishia chuma. Lakini pia usikimbilie maji yaliyochujwa mpaka hayana kitu, zipo mashine ambazo kipimo cha boila kinayatambua maji kwa madini yaliyomo, yakiwa matupu kinadhani boila ni kavu, kinaendelea kujaza tu. Cha tatu umeme. Ukikatika siyo shida, shida ni ukirudi, kadi ya umeme ndani ya mashine inaungua siku hiyo hiyo, kwa hiyo stabilaiza siyo hiari. Afadhali inatoka Uingereza, volti ni zetu na plagi ni hii hii ya miguu mitatu, ingekuwa ya Marekani ya volti 120 ningekwambia mshukuru shemeji halafu ukatae.

Kijana wa Makongo
Fundi unamtisha mwenzio bure ili baadaye akuite. Mimi nina kimashine changu cha laki 4 na nusu, kimeandikwa bar 15, na hiyo ya milioni 13 ni bar 9, sasa niambieni ipi ina nguvu? Kila asubuhi natoa krema, lile povu la juu ya espreso, nene kabisa. Siri siyo mashine, siri ni kahawa. Chukua arabika ya Mbinga au ya Mbozi iliyokaangwa juzi juzi utafurahi. Ila usithubutu kuweka ile aina nyingine ya kahawa, robusta, robusta ni takataka ya kutengenezea kahawa ya kopo, hata wanaoilima huko Bukoba hawainywi.

Fundi Boila
Bar 15 ni uwezo wa pampu, siyo presha ya kahawa. Ikifika kweli 15 kwenye unga ndiyo unaharibu. Na krema yako inatoka kwa sababu kichujio cha hizo ndogo kina kitundu kimoja chini kinachopulizia povu, hata kahawa ya mwaka juzi itatoa. Mimi sihitaji kuitwa na mtu, kazi ninayo.

MwanaKanyigo
Kijana wa Makongo rudia hiyo sentensi ya mwisho polepole. Wanaoilima hawainywi? Sisi kwetu robusta tulikuwa nayo kabla Mjerumani hajaja, tunaichuma, tunaichemsha na majani yake maalumu, tunaikausha, tunaitafuna. Mgeni akiingia kwa babu yangu kitu cha kwanza ni kahawa ya kutafuna kabla hajaulizwa jina. Watu walichanjia udugu wa damu kwa buni ya robusta. Wewe umejifunza kunywa kahawa juzi kwenye simu halafu unakuja kutuambia takataka. Na hiyo krema unayoringia, waulize Waitaliano wa Naples wanaipataje, wanachanganya robusta makusudi, ndiyo inayotoa krema nzito na ndiyo yenye kafeini karibu mara mbili ya hiyo arabika yako. Takataka inavuka bahari inakuwa espreso, sivyo?

Kijana wa Makongo
Kaka punguza hasira. Nimeongelea ladha, sijaongelea babu yako. Nimewahi kuinunua, inanuka udongo. Na inanuka udongo kwa sababu mnaianika chini, hilo nalo utakataa?

MwanaKanyigo
Silikatai, wapo wanaoanika chini na ni kosa, ikianikwa kwenye chekeche inakuwa kitu kingine kabisa. Ila jiulize kwa nini mtu ahangaike na chekeche wakati ile iliyoanikwa chini na ile ya chekeche zilikuwa zinapimwa kwenye mzani mmoja kwa bei moja. Na wengine walishaiuza ikiwa bado maua. Unajua butura wewe? Mtu ana mgonjwa ndani au ada ya mtoto, anamuuzia tajiri shamba likiwa limechanua, kwa bei ya huruma, msimu ukifika anavuna kahawa ambayo siyo yake tena. Sasa huyo ndiye ununue mashine ya milioni 13 halafu umlaumu kwa harufu ya udongo.

Mtu wa Asubuhi
Jamani mimi sijamlaumu mtu. Mada ni mashine.

Mzee wa Old Moshi
Vijana shikamooni mnazipokea humu? Naona Kagera wanaongea kana kwamba wao peke yao ndio wenye kahawa. Ushirika wa kahawa nchi hii mfano wake ni Kilimanjaro, chama chetu kikuu KNCU kipo tangu 1933, kimesomesha watu, hao mnaowaita maprofesa leo ada zao zilitoka kwenye mibuni. Kilichotuua ni 1976 vyama vilipovunjwa na serikali, halafu 1989 ule mkataba wa dunia wa mgao wa kahawa ukavunjika bei ikaanguka. Watu waling'oa mibuni wakapanda nyanya. Msije kusema wakulima hawajali.

MwanaKanyigo
Marahaba hatuwezi kukuitikia mzee wetu, shikamoo wewe. Ila na arabika yenu mliletewa na wamisionari wa Kilema, sisi ya kwetu hatukuletewa na padri. Hilo tu.

Mzee wa Old Moshi
Marahaba mwanangu. Iliyoletwa na iliyokutwa zote zinauzwa nje. Hapo hakuna aliyemshinda mwenzake.

Kirinyaga Damu
Hata huku Kenya ni hivyo hivyo. Aina zetu za arabika, SL28 na SL34, zinasifiwa dunia nzima, ile ya punje kubwa ya daraja la AA inaenda mnada inapanda meli, mkulima akirudi nyumbani anakunywa chai ya maziwa. Kile kinabaki ni ile mbuni imekaukia na maganda yake. Kwa hivyo huyu jamaa akitaka kununua mashine anunue tu, angalau kuna mtu mmoja Afrika Mashariki anakunywa kitu yetu vizuri. Si mmuache?

Chumvi ya Kawaida
Anunue kwa hela gani? Mbona tunamhurumia mwenye milioni 15? Kijiweni kahawa ni shilingi mia mbili, imetoka kwenye dele la moto, ina tangawizi, unapata na kashata na habari za mji mzima. Wazee wa Jaws Corner pale Zanzibar wanakunywa kahawa chungu miaka yote hiyo na hakuna aliyewahi kuulizia bar 9. Hii ya kujifungia ndani na chuma cha Kiitaliano ni kujitenga na watu.

Bi Mwantumu
Hapo umenigusa na naomba nikujibu vizuri. Kijiwe gani hicho unachonipeleka mimi? Mwanamke akikaa pale barazani na kikombe, kesho mtaa mzima unajua, na mume wake anapigiwa simu. Mimi kahawa naipenda tangu utotoni, bibi yangu alikuwa anaipika na iliki na hata yeye aliinywea uani, mbele hapakuwa pake. Mgahawani nikienda peke yangu nalipa elfu 7 na macho juu. Kwa hiyo mnaposema nyumbani ni kujitenga, mjue kuna watu nyumbani ndipo pekee wanapoweza kunywa kikombe kwa amani. Sijanunua mashine ya milioni, lakini mtu akiamua kuweka hela yake jikoni kwake sitamcheka.

Chumvi ya Kawaida
Dada siku hizi wanawake wanakaa. Dar hakuna anayekuangalia.

Bi Mwantumu
Niambie kijiwe kimoja, taja na mtaa, nije kesho.

Kirinyaga Damu
Tunangoja huo mtaa.

Kijana wa Makongo
Bi Mwantumu uko sahihi kabisa, hilo sikuwahi kuliona likisemwa. Ila kwa nafasi yako ya jikoni nunua kama changu, laki 4 na nusu, usisikilize habari za boila mbili.

Fundi Boila
Mnamshauri vibaya tena. Dada kama unataka espreso ya kweli bila kuua akiba, zipo za mkono za wenzo, kama Flair au Cafelat Robot, hazina umeme kabisa, unachemsha maji kwenye gesi, unasukuma mwenyewe na unaifikia hiyo bar 9. Hakuna kadi ya kuungua, hakuna boila ya kutoboka, LUKU ikiisha unakunywa vile vile. Maziwa utayatoa povu pembeni. Hela inayobaki yote iweke kwenye kisagio. Na wewe Mtu wa Asubuhi ungefikiria hivyo hivyo.

MwanaKanyigo
Fundi nakukubali, ila hujasema lolote kuhusu robusta. Wewe ni mtaalamu, sema hapa. Ni takataka au siyo?

Fundi Boila
Siyo takataka. Iliyokaushwa vizuri, ukiichanganya kidogo na arabika, kwenye maziwa inasimama kuliko arabika tupu. Mahoteli niliyofanyia kazi yalikuwa yanachanganya. Peke yake ni kali, siyo ya kila mtu.

MwanaKanyigo
Kijana wa Makongo umesoma?

Kijana wa Makongo
Nimesoma "siyo ya kila mtu". Mimi ndiye huyo ambaye siyo yake. Ila neno takataka nalifuta, nisiwavunjie heshima wazee.

Chumvi ya Kawaida
Kwa hiyo mtu amekuja na swali la milioni 15 tumeishia kupatanisha mikoa. Mkuu umeamua nini? Maana mimi bado nasema ukuta.

Mtu wa Asubuhi
Nimewasoma wote na mwenzangu nimemuonyesha, amempenda sana Bi Mwantumu. Tumeelewana hivi: shemeji aweke kisagio kizuri kwenye kontena na moja ya hizo za wenzo alizozitaja Fundi. Linea tunaisogeza mpaka mwakani, sijaifuta, maana mgahawani maziwa yao ndiyo yananivuta na kwa mkono sitayapata vile, na nikihamia Kigamboni wageni watakuwa wengi. MwanaKanyigo naomba nipate kilo mbili za ile ya kuanikwa kwenye chekeche, nichanganye nijionee mwenyewe. Unatuma Dar?

MwanaKanyigo
Natuma kwa basi. Ila nakutumia buni, kukaanga ni juu yako, ukikaanga nyeusi kama mkaa halafu ukaja hapa kulalamika uchungu nitakujibu.

Kijana wa Makongo
Mkaangie mwenyewe kaka, unampa mtihani mgeni.

MwanaKanyigo
Hata wewe nakutumia robo, bure. Nitumie kituo cha basi.

Bi Mwantumu
Chumvi bado nasubiri jina la mtaa.

Fundi Boila
Mtu wa Asubuhi hujanijibu la maji. Nyumbani unatumia DAWASA au kisima? Na huko Kigamboni je, mmechimba?