Eti "maji yana akili, yatajua pa kupita"!!

Kenchi_Mbovu:
Wakuu, hapa nina hasira hadi mikono inatetemeka. Mnamjua, sina haja ya kumtaja: yule fundi aliyejaza mtaa mzima mapaa ya kuficha, yaani bati na mfereji vimejificha nyuma ya ukuta; ukuta wa juu umesimama kama ngome, nyuma yake bwawa la kambale. Leo anaulizwa kistaarabu: paa la mita za mraba 200, mbona mfereji wote una bomba moja la inchi mbili? Anajibu huku anachokonoa meno: "Maji yana akili, yatajua pa kupita."

Maji. Yana. Akili.

Haya, hesabu ya darasa la saba. Milimita 1 ya mvua juu ya mita 1 ya mraba ni lita 1. Chukua mvua kali ya masika, milimita 150 kwa saa: paa hilo linashusha lita 30,000 kwa saa, yaani 500 kwa dakika. Tenki la lita elfu moja linajaa ndani ya dakika mbili! Mdomo wa inchi mbili, maji yakiwa na kina cha sentimita 5 juu yake, unameza kama lita 70 kwa dakika. Zile 430 zinaenda wapi? Si zina akili: zinapanda mfereji, zinapenya chini ya ncha ya bati, zinatua kwenye dari ya jipsamu ya sebule.

Inchi nne kwa kina hicho hicho inameza kama lita 280. Bomba mbili za hivyo zinatosha kwa shida. Weka tatu, maana moja itazibwa na majani ya mwembe tu. Mfereji ushuke sentimita 1 kila mita. Halafu toboa tundu la dharura kwenye ukuta wa juu, liwe chini kuliko ncha ya bati, ili mabomba yakiziba maji yamwagike nje. Kuulizwa tundu liko wapi, eti "litaharibu muonekano". Muonekano! Mtu wa maji yenye akili anaongelea muonekano!

Babu_Lami:
Fuga sato mkuu, hasira hasara.

mzee_wa_site:
Swali dogo tu: hela umeshammalizia? Kama ndiyo, basi hayo maji yamekuzidi akili.

Pima_Maji:
Ana haki alalamike, ila ameacha nusu. Bomba lenyewe huwa halijai, mdomo ndio unaokaba. Chonga kibakuli cha sentimita 10 kwenye sakafu ya mfereji pale mdomoni, uone tofauti. Wavu usiwe bapa, jani moja linauziba. Uwe wa mviringo kama kikapu kilichofudikizwa. Na membreni ya lami, ile shuka ya kuzuia maji, ipande ukutani sentimita 15, ncha yake ichimbiwe ndani ya plasta. Wao wanapandisha 5 halafu wanapaka rangi juu. Kabla ya kulipa: ziba midomo, jaza maji, acha saa 48, kisha ingia ndani utazame dari.

Babu_Lami:
Saa 48? Hilo bwawa lake lina miezi minne.

Chemba_Imejaa:
Afadhali nyie mnavujiwa maji safi. Wa kwetu kaunganisha bomba la paa kwenye chemba ya choo. Mvua ikianza, choo cha chini kinachemka kama supu ya pweza. Maji ya paa yana njia yake na ya choo yana yake, hilo nalo ni la kusomea?

mzee_wa_site:
Na wale wanaosubiri mvua ndio watapishe vyoo mtaroni? Hao nao wameanza kutuletea kipindupindu.

Chemba_Imejaa:
Jirani yangu hata wingu hangoji siku hizi.

Kenchi_Mbovu:
Wakuu, turudi kwenye mada. MAJI YANA AKILI jamani!

Babu_Lami:
Tumekusikia. @Chemba_Imejaa, gari la kunyonya huko kwenu wanachaji ngapi kwa tripu?