Taa za nje zinamaliza LUKU na jirani kanuna, nifanyeje?

Mkazi_wa_Rau: Wakuu salama? Nipo Moshi. Nina fladilaiti nne za LED wati 50 kwenye kona za fensi, zinawaka kuanzia saa 12 na nusu jioni mpaka kunakucha. Yuniti zinakatika balaa, jirani analalamika mwanga unaingia chumbani kwa watoto, na mvua zikianza kumbikumbi wanajaa barazani. Kuzima naogopa vibaka. Fundi mmoja anasema sensa ya kuwasha taa mtu akipita, mwingine taima. Nishike lipi?

fundi_pasua: Piga hesabu mkuu, wati 200 kwa masaa 12 ni yuniti 2.4 kila usiku, mwezi unakula 72 na hapo hata pasi hujachomeka. Taima za kuzungusha kwa mkono zingefaa maana huku kwetu jua halibadiliki sana muda wa kuzama, shida umeme ukikatika masaa mawili na yenyewe inasimama masaa mawili, utakuta taa zinawaka kweupe. Acha moja ya geti kwenye fotoseli, kile kijicho kinachowasha taa giza likiingia na kuizima kukikucha, wati 10 inatosha, ila fotoseli isipigwe na mwanga wa taa yenyewe itawasha na kuzima usiku kucha. Tatu zilizobaki tia sensa.

MamaK_Soweto: Mbona jirani wa watu mmemsahau 😂 Inamisha hizo taa, kioo kitazame chini kabisa. Taa inayompiga mlinzi usoni inamsaidia mwizi, akijibanza nyuma ya taa nani atamuona? Halafu nunua zenye mwanga wa njano, boksi linaandikwa 2700K au 3000K. Zile nyeupe za 6500K zina bluu nyingi, wadudu wanazipenda na anga lote linakuwa jeupe, kilimia chenyewe, lile kundi la nyota, hukioni.

Mkazi_wa_Rau: Asante dada. Sasa sensa si itawashwa na mbwa? Na nina migomba hapo hapo.

fundi_pasua: Inahisi joto linalotembea, kwa hiyo mbwa ndiyo, na migomba ikipigwa na upepo jioni kabla haijapoa inaweza kuisumbua. Igeuzie pembeni, halafu kwenye vitufe vyake vya kuzungusha punguza SENS, TIME weka dakika mbili, LUX sogeza kwenye alama ya mwezi isiwake mchana. Ya mbwa, ziba nusu ya chini ya kioo chake kwa tepu nyeusi, mtu mzima bado itamshika.

Mkazi_wa_Rau: Poa, Jumamosi napanda ngazi. Ile ya upande wa jirani nitaiinamisha usiku yeye akiwa chumbani aniambie imetosha au bado.