Tamthilia nimeandika mie, jina wameweka la dairekta, na pesa yangu hawanipi!!

Jamani naandika hapa mikono inatetemeka kwa hasira. Asubuhi prodyuza kanipigia ati anataka msimu wa pili, "stori zako tamu dada yangu", na huo wa kwanza hajanimalizia! Episodi 13 nimeandika nimelipwa 4. Tena elfu 80 kwa episodi, na hiyo nayo unaiomba kama sadaka.

Mie nakaa Chake, Pemba. Mara tatu nimepanda boti Mkoani mpaka Malindi ya Unguja kwa nauli yangu, mkondo wa Nungwi unanitapisha, nafika kikaoni naambiwa sini ya somo (kungwi) na biarusi niirudie, nimeirudia mara sita. Halafu siku ya kurusha naangalia bibi wa Kipemba wa miaka 70 anamwambia mjukuu wake "usinizingue". Wallahi nilizima tivii. Mie sikuandika hivyo, bibi yule nilimpa Kipemba chake!

Majina yakipita mwisho yupo wa taa, wa mekapu, mpaka dereva, na haki yao, ila penye mwandishi lipo jina la dairekta. Ukiuliza, "stori si tulibuni sote barazani". Kusema tu tufanye stori ya ukewenza ndo kuandika huko? Kuandika ni usiku wa manane watoto washalala, uko peke yako unapanga nani anaingia mlangoni na anajua kitu gani mwenzake hakijui, na episodi uikate wapi mtu ashindwe kwenda kulala.

Waandishi wa Marekani 2023 waligoma siku 148, Mei mpaka Septemba, katika waliyodai ni malipo ya kazi zao zinapoonyeshwa mitandaoni, sie hata malipo ya mwanzo hatuyaoni, na tamthilia yangu wameirusha tena Ramadhani nzima watu wakishafutari, sijapewa hata senti.

Sheria ya hakimiliki Zanzibar ipo tangu 2003 na COSOZA, ofisi ya hakimiliki ya Zanzibar, ipo, tatizo tulikubaliana kwa mdomo, skripti nikawa natuma kwa WhatsApp. Lakini meseji zote ninazo na tarehe zake, na madaftari ya mkono ninayo.

Alowahi kudai bila ya mkataba akalipwa naomba anambie alianzia wapi na alibeba karatasi gani, Jumatatu nakwenda Unguja.