Chombo cha Sutton Hoo: mbao zilioza zote, urefu walijuaje?

Mkuku_Nungwi
Assalaam alaykum wenzangu. Chombo cha baharini alichozikiwa mfalme huko Sutton Hoo, Uingereza, kilichofukuliwa 1939, wanasema hakikubaki hata ubao. Lakini wanataja urefu wa mita 27 na mataruma 26, yaani mbavu za chombo. Wamepima nini? Na mtepe, chombo chetu cha zamani cha kushonwa, ungefukiwa kwetu, nao ungesomeka?

Fundi wa Mkokotoni
Waalaykum salaam. Wamepima kutu. Mbao zake zilipandana kingo, tisa kila upande, na kila zilipopandana pamepigwa safu ya ribiti za chuma, yaani misumari iliyofungwa kwa ndani. Mchanga wa kule una asidi, ukazila mbao. Chuma kikashika kutu, kikagandana na mchanga pale pale kilipopigiliwa. Mataruma yakaacha mikanda ya mchanga uliogeuka rangi, inayokatiza kutoka ubavu hadi ubavu.

Basil Brown, mfukuaji wa kaburi lile, alipokutana na ribiti za mwanzo, kwenye ncha moja ya chombo, hakuzing'oa. Hapo ndipo kazi ilipookoka! Alichimba kwa ndani, akielekea katikati, na mchanga ukianza kuwa mwekundu anajua ribiti iko chini yake, anaweka koleo, anashika brashi. Ribiti ikisogea, safu imepotea, na umbo la chombo halirudi tena.

Binti Wete
Naongeza la mtepe. Ule umeshonwa kwa kamba za makumbi, hauna chuma, basi hakuna safu ya kutu ya kufuata. Mchanga wetu wa matumbawe ni wa chokaa, mifupa ingedumu kuliko kule, ila mchwa hawaachi ubao. Wa kuuhifadhi ni tope la mikoko, lisilopitisha hewa.

Jahazi la misumari ni jengine: mbao zinakutana kingo kwa kingo na misumari inaingia kwenye taruma. Kwa hiyo safu zitakuonesha mataruma, si kingo za mbao. Anayetafuta mistari ya Sutton Hoo atalisoma vibaya.

Mkuku_Nungwi
Ahsanteni sana. Na maiti je?

Fundi wa Mkokotoni
Mfupa haukuonekana, ila vipimo vya baadaye vilikuta fosfeti nyingi, chumvi inayoachwa na mwili ukioza, ndani ya chumba cha kaburi. Sarafu 37 za dhahabu, za Wafaranki, ndizo zinazoelekeza mwanzoni mwa karne ya 7, na wengi wanamtaja Rædwald, mfalme wa Anglia Mashariki, kuwa ndiye aliyezikwa.

Ukikuta safu ya misumari ufukweni, usiisafishe. Vuta uzi ulionyooka kando yake, pima kila msumari kutoka kwenye uzi na kina chake, piga picha, kisha waite watu wa Mambo ya Kale kabla maji hayajajaa.