Mliowahi kuomba mapitio ya hukumu kesi za mali za familia, tupeane uzoefu

Mtoto wa Kimara: Wakuu, leo nimepita mtaa wetu wa zamani nikakuta ile nyumba imepakwa rangi ya kijani. Nikamkumbuka dada yangu amekaa kwenye ngazi na masufuria yake, dalali wa mahakama anasoma karatasi. Tulikuwa tumeomba mapitio, yaani mahakama iitazame upya hukumu yake yenyewe, tukajua tuko salama. Kumbe maombi yenyewe hayazuii hukumu kukaziwa (kutekelezwa), zuio linaombwa peke yake. Waliopita njia hii waje.

Mama Wawili: Umenitonesha. Ndoa yangu ilikuwa ya miaka 19. Tulianza na banda la mabati Mbagala, mimi nauza vitumbua, yeye anashinda kijiweni. Kesi ilianzia mahakama ya mwanzo ikapanda mpaka ngazi ya juu kabisa, Mahakama ya Rufani, nikatoka na asilimia 20 ya nyumba. Wiki tatu baadaye nahamisha vyombo, nikakung'uta begi la zamani la mtoto, zikadondoka risiti za saruji na nondo, zote jina langu. Nilipiga vigelegele peke yangu chumbani. Wakili akasema twende mapitio. Nikauza cherehani.

Siku ya kusikilizwa nakuta majaji ni walewale watatu. Nikasema nimekwisha, kumbe kanuni ndivyo inavyotaka, wakipatikana. Wakili akaanza na risiti. Jaji akamuuliza, tena kwa upole: hizi zilikuwa mbele yetu tulipoandika hukumu? Kimya. Basi tuonyeshe kosa ambalo mtu akifungua jalada analiona bila kutafutiwa. Wakili akazunguka, akaitaja kesi ya Bi Hawa Mohamed ya 1983, ile iliyosema kazi za nyumbani nazo ni mchango, akaanza kueleza kwa nini 20 ni ndogo. Akaambiwa hiyo ni rufaa, na rufaa ilishaisha. Tulitumia muda mrefu kutafuta pa kukaa kuliko kusikilizwa. Mpaka leo nikisikia cherehani ya jirani nageuza uso.

kibatari2: Pole mama. Yaleyale ya kwetu.

Msomi wa Mtaani: Pole dada, ila wakili wako alipaswa kukwambia mapema. Kanuni ya 66 ya Kanuni za Mahakama ya Rufani za 2009 ina milango mitano tu. Kosa la dhahiri kwenye kumbukumbu lililosababisha haki kupotea. Kunyimwa nafasi ya kusikilizwa. Hukumu batili. Mahakama kukosa mamlaka. Na hukumu iliyopatikana kwa udanganyifu, kiapo cha uongo au njia isiyo halali. Begi la mtoto halimo. Siku ni 60 tangu hukumu, na ukigonga mwamba hakuna mapitio ya mapitio.

Ngosha wa Pamba: Acha kudanganya watu. Mimi nilishinda mapitio kwa ushahidi mpya.

Msomi wa Mtaani: Mahakama gani?

Ngosha wa Pamba: Ya wilaya. Kwani hiyo siyo mahakama?

Msomi wa Mtaani: Ndiyo hapo sasa. Huko chini Sheria ya Mwenendo wa Mashauri ya Madai inaruhusu, kama ushahidi usingepatikana mapema hata kwa bidii. Rufani hapana. Na hata wilayani, Mama Wawili, wangekuuliza, begi lako mwenyewe lilikuwa safarini?

Ngosha wa Pamba: Wasomi wa kwenye simu bwana. Leta namba yako ya uwakili hapa.

Shangazi wa Chumbageni: Nyie gombaneni. Mie nawaambia mabinti, risiti ya kwanza ya tofali ifunge kwenye khanga upeleke kwa mamako.

kibatari2: Za kwangu nilipeleka kwa mama, panya wakafanya yao. Piga picha, jitumie kwenye simu.

Mjukuu wa Tano: Nyie hamjaona kitu. Shamba la babu, baba mdogo alileta muhtasari wa kikao cha ukoo una dole gumba la bibi, kwamba amekubali shamba liende kwake. Tarehe ya kikao ni Machi. Bibi tulimzika Januari, mwaka uleule! Ngazi zote hakuna aliyeliona, hata sisi, mpaka hukumu ya mwisho imesomwa ndipo mke wangu akauliza, hivi matanga ya bibi hayakuwa kabla ya mvua? Siku ya 74. Ikabidi tuombe kwanza kuongezewa muda. Sasa siku ya maombi baba mdogo akaja na mtu...

Mama Wawili: Mtu gani?

Ngosha wa Pamba: Huu ndio udanganyifu sasa, siyo risiti. Malizia mkuu.

Mjukuu wa Tano: Bosi amepita, narudi jioni.

Shangazi wa Chumbageni: Asije akawa bibi mwenyewe.

Mtoto wa Kimara: Jioni ya tatu hii, mjukuu.