Mjadala: Gogo na shoka viondoke buchani?

Mleta mada: Bodi ya Nyama Tanzania, iliyotokana na Sheria ya Nyama ya 2006, imekuwa ikizitaka bucha ziachane na gogo na shoka, zitumie msumeno wa umeme. Je, bucha ya mtaani inayouza nusu ng'ombe kwa siku nayo ibanwe?

Kisu Butu: Ibanwe. Litazameni gogo lenyewe: katikati limebonyea kama sahani, nyufa zimejaa damu na mafuta ya juzi. Shoka likishuka linapasua mfupa na mbao kwa pamoja. Gogo linapungua mwaka hadi mwaka na hakuna anayeuliza linakokwenda. Tumelila.

Mchanganyiko: Mbao haina kosa. Ikiwa kavu hunyonya unyevu, bakteria wengi wakafia humo ndani. Gogo la bucha ndilo halipewi nafasi ya kukauka: mchana damu, jioni ndoo ya maji, usiku limefunikwa gunia bichi. Likwanguliwe hadi mbao safi, lipakwe chumvi, lilale wazi.

Fundi Msumeno: Msiudhani msumeno ni malaika. Kila jioni uzimwe, uchomolewe kwenye umeme, mlango wake ufunguliwe, utepe, yaani ule ukanda wa meno unaokata, ulegezwe na kutolewa. Kwenye magurudumu yote mawili utakuta uji wa unga wa mfupa na mafuta. Hapo ni brashi, maji ya moto na sabuni, kisha dawa ya kuua vijidudu, kisha ukaushwe. Wengi hufuta meza tu, kwa kuwa ndiyo mteja anaiona. Siku ya tatu bucha inanuka na analaumiwa ng'ombe. Unga uliobaki juu ya nyama nao ukwanguliwe, la sivyo itawahi kuharibika. Na kipande kidogo kisukumwe kwa kibao, kisisukumwe kwa vidole, utepe hautofautishi.

Kisu Butu: Umeme ukikatika?

Fundi Msumeno: Msumeno wa mkono. Halafu sehemu kubwa ya ng'ombe haihitaji hata huo: mjuzi hupitisha kisu kwenye maungio, mguu ukaachia wenyewe. Shoka ni la asiyejua maungio yalipo.

Mchanganyiko: Mbavu na uti wa mgongo je? Mteja wa mchanganyiko anataka mfupa ndani ya kilo yake.

Fundi Msumeno: Hapo msumeno, na kongoro pia. Lakini kile kitambaa kimoja kinachofuta shoka, mizani na mkono uliopokea noti, hicho kitupwe leo, hakisubiri Bodi.